Mtaro Ulioishia Kwenye Minyaa

Jumanne, tarehe kumi na mbili Novemba. Asubuhi mawingu yaliketi juu ya mlima wa Sagalla kama kawaida yake wakati wa vuli, mchana jua likachoma, halafu saa tisa upepo ukageuka na matone machache makubwa yakaanguka kwenye vumbi. Hayakufika hata kulowesha nguo kwenye kamba. Lakini harufu ilipanda.

Hiyo harufu ya udongo mwekundu wa Voi ukionja maji baada ya miezi ya jua, watu wengi huipenda. Watoto wangu hutoka nje kuinusa. Mimi huingia ndani na kufunga madirisha. Na leo ilinisumbua zaidi, maanake ilikuja pamoja na mlio wa sururu. Fundi Kilonzo alikuwa nyuma ya nyumba akijaribu ugumu wa ardhi kwa ajili ya mtaro wa kutoa maji ya mvua uwanjani, na kila sururu ilipogonga changarawe nilijikuta nimesimama, nimeshika mlango wa jikoni, nautazama ukuta. Ukuta wenyewe ni wa mawe, hauna kitu. Ni mimi tu.

Sasa nimekaa kuandika. Mimi si mtu wa kuandika sana, shule niliachia darasa la nane, na mambo haya ni ya zamani, huenda nikayapanga vibaya. Pale nisipokuwa na hakika nitasema sina hakika. Na nikimtaja mtu nitajaribu kumpa na upande wake.

Tulikuwa tunaishi hapa hapa Voi, ng'ambo ya reli, pale ardhi inapoteremka pole pole kuelekea korongo. Baba na Mama walishuka kutoka Mgange, huko milimani, Baba alipopata kazi kwenye mashamba ya mkonge. Nyumba yetu ilikuwa ya matofali ya udongo yasiyochomwa, ikapigwa plasta mbele tu, upande ambao mgeni huona. Nyuma ikabaki hivyo hivyo. Na huko nyuma ndiko kulikuwa na chumba cha Nyanya, mama yake Baba. Miguu yake ilikuwa imekataa, akawa mtu wa kitandani na kitini. Mimi nililala naye. Kitanda chetu kiliegemea ule ukuta wa nyuma, kwa hivyo nikisimulia habari za ukuta huo, nasimulia kama mtu aliyelala mgongo wake umeugusa.

Miaka yote maji ya mvua yalipita mbali nasi. Halafu greda ikaja kutengeneza barabara iliyo juu ya kwetu. Simlaumu mtu, barabara ilihitajika, na dereva alifanya alivyotumwa. Lakini greda ilipoondoka, barabara ilikuwa imeinuka na mfereji wake umeelekea kwetu moja kwa moja. Mvua ya kwanza, ndogo tu, ilipita nyuma ya nyumba ikaacha mstari wa tope ukutani, kama ule wa maziwa yaliyofura kwenye sufuria. Siku chache baadaye nikaona ufa.

Ulianzia kona ya dirisha, mwembamba kama unywele, ukashuka kuelekea mto wetu wa kulalia. Kila asubuhi kabla ya kwenda shule niliupima. Mwanzoni ukucha haukuingia. Halafu ukaingia. Halafu kikaingia kijiti cha kiberiti, na nilipokiachilia kikabaki humo, sikukiona tena. Sikumwambia mtu. Nilikuwa na wazo la kitoto kwamba nikinyamaza, ufa nao utanyamaza. Darasani mwalimu akiandika ubaoni, mimi nilikuwa naona ule mstari ukishuka. Wingu likipita juani nilitazama dirishani, wenzangu wakanicheka, wakasema Wakesho anangoja ndege.

Kumbe Nyanya alikuwa ameuona kabla yangu. Siku moja nilimkuta ameuchomeka ugoro wake humo, ule aliokuwa akiufunga kwa karatasi.

"Wakesho," akaniambia, "nimepata kabati. Babako aliahidi kunitengenezea akasahau, ukuta umenionea huruma."

Akacheka mpaka akakohoa. Mimi nilitoka nje nikaenda kukaa karibu na kuku.

Baba hakuwa amesahau. Alikuwa akirudi kutoka mkongeni alasiri, miguu imechanwa na miba, anakunywa chai amesimama, halafu anachukua jembe. Alisema atachimba mtaro uzunguke nyumba uyapeleke maji chini. Na alichimba vizuri, hilo sitamnyima. Kwao Mgange watu wamekuwa na mifereji tangu zamani, ile ya kutoa maji kijitoni na kuyatembeza ubavuni mwa mlima mpaka kwenye migomba na mboga. Baba alikua akiifanyia kazi. Hakutumia kamba wala kipimo. Alimwaga maji kidogo kutoka kwenye birika, akachuchumaa kuyatazama yakienda, akachimba yalikopendelea. Kingo alizilainisha kwa kiganja. Pale penye mchanga alipanga mawe, moja moja, kama mtu anayepanga vyombo kabatini.

Lakini aliuchimba kama wachimbavyo watu wa milimani. Alianzia juu. Kule mfereji huanzia kwenye chemchemi, maji yanakufuata nyuma unavyochimba, kwa sababu unayaleta nyumbani. Wa kuyafukuza maji ni kinyume, unapaswa kuanzia kule yatakakotokea, uchimbe ukipanda kurudi nyumbani. Baba hakujua hilo, na hakuna mtu wa kwetu angelijua, maanake sisi hatukuwahi kuwa na maji ya kufukuza. Akaanzia kona ya barabarani, akapita nyuma ya chumba cha Nyanya, akateremka mpaka mwisho wa kiwanja chetu. Na mwisho wa kiwanja chetu kulikuwa na ua wa minyaa wa Mama Zuhura.

Baba akasimama hapo. Kati ya mtaro na minyaa akaacha udongo, upana wa hatua hivi, akaweka jembe begani, akaenda kuoga.

Mama Zuhura alikuwa jirani yetu wa chini. Ni mtu wa Bomeni, kule Taveta, Mwislamu, mjane, akiishi na binti yake mmoja. Aliuza mchele na ndizi alizoleta kutoka soko la Taveta. Alikuwa na ulimi, lakini ulimi wa kukuchekesha kwanza ndipo ukuume. Wakati huo alikuwa amekwenda Mahoo, huko huko Taveta, na bintiye kumwuguza mama yake, nyumba ameifunga, kuku wake ametuachia sisi. Hakuna aliyejua atarudi lini. Simu za mkono bado hatukuwa nazo. Na kati yetu na korongo hapakuwa na njia nyingine ila uwanja wake: upande mmoja wetu ni jabali, upande mwingine choo.

Mama alitoka kuona kazi.

"Mbona umeishia hapo?"

"Mwenyewe hayupo."

"Baba Wakesho, hiyo ni minyaa tu. Kata, pitisha, akirudi utamwambia."

"Mfereji haupitishwi kwa mtu mpaka atembee na wewe, akuonyeshe."

"Hiyo ni kule juu. Kule maji yanagombaniwa. Haya ni ya kutupa! Nani atakugombania maji ya kutupa?"

"Ndiyo mabaya zaidi," Baba akasema. "Yangekuwa maji mazuri ningempelekea bila kuuliza."

Mama akaingia ndani na kuanza kuosha vyombo vilivyokwisha kuoshwa.

Msione kwamba Mama alikuwa mtu wa kuonea wengine. Yeye ndiye aliyekuwa akimgeuza Nyanya kitandani, akimwosha, akimpaka mafuta miguuni. Yeye ndiye aliyesikia ukuta ukidondosha vijiwe mchana sisi tukiwa hatupo. Aliogopa kwa sababu alikuwa karibu. Na mimi, nikiwa mtoto, nilikuwa upande wake kabisa. Nilimwona Baba mwoga. Nilifikiri anaogopa ulimi wa Mama Zuhura kuliko anavyotuogopea sisi.

Mvua zikaanza kuja, za mchana, fupi. Na kwa vile mtaro haukuwa na mwisho, ukajaa. Maji ambayo zamani yalikuwa yakipita ukutani na kwenda zake, sasa yalikaa. Yalilala pale nyuma ya kitanda chetu, mekundu, na ukuta ukawa unayanywa. Chumbani kukanuka kama ndani ya mtungi. Nilibonyeza tofali, kidole kikaacha shimo. Wanaume waliokuwa wakipita kwenda kazini walisimama wakamuuliza Baba, "Mzee, samaki unaweka lini?" Akatabasamu, akaendelea kuteka maji kwa karai na kuyamwaga barabarani, yalikotoka, nayo yakarudi.

"Umechimba bwawa," Mama akamwambia. Hakusema kwa hasira. Ingekuwa afadhali.

Tulisogeza kitanda katikati ya chumba. Nyanya alikataa kuhamia sebuleni. Alisema wageni watamkuta amelala kama gunia, na yeye hajawahi kukutwa na mgeni amelala. Ikawa kila Baba akitoka kazini anapita kwanza kwa ua wa minyaa, anatazama ule mlango uliofungwa, ndiyo anakuja kutusalimia. Niliona akifanya hivyo. Sikuelewa anatazama nini, maanake kufuli ilikuwa inaonekana tangu mbali.

Halafu ikaja ile Jumamosi. Sagalla haikuonekana tangu asubuhi. Mahali pa mlima palikuwa na rangi ya chungu. Baada ya chakula cha mchana mvua ikaanguka yote pamoja. Kwenye mabati ilikuwa na kishindo hata Mama akisema niliona tu mdomo. Maji yakaja kutoka barabarani yakibeba majani, kandambili, kipande cha mkeka. Mtaro ukajaa, ukafurika, na ukafurikia upande wa nyumba.

Tofali la kwanza lilianguka bila kelele. Lilikuwa limelainika, lilitoka kwenye mahali pake likateremka kama ugali unaoteleza kwenye sahani. Nikaona nje, mchana, kupitia ukuta wetu.

Baba aliingia, akambeba Nyanya mgongoni akamkimbiza jikoni, kibanda cha mabati kilichokuwa kando. Nyanya alikuwa akimpiga begani akipiga kelele kwamba ugoro umebaki. Nikaurudia. Mama alinipigia yowe nisirudi, nami nikarudi hivyo hivyo. Niliuchomoa ufani, karatasi imelowa, nikatoka. Sijui kwa nini nililiona jambo hilo kuwa la lazima.

Kutoka mlango wa jikoni nilimwona Baba amechukua jembe akateremka mpaka kwenye minyaa. Alisimama majini, yamefika ugokoni. Akainua jembe.

"Kata!" Mama akalia. "Kata, kata!"

Na Baba akabaki na jembe juu. Alikuwa ametazama ng'ambo ya minyaa, kwenye uwanja ule mtupu uliofagiliwa na mwenyewe kabla hajaondoka. Nyuma yetu kona ya chumba ikaguna. Nikaanza kulia. Baba akashusha jembe, si kwa kukata, akaliweka tu chini. Halafu akaliinua tena. Kama mtu angewahi kuniuliza hofu ina sura gani, ningemwambia ni sura ya mgongo wa Baba siku hiyo.

Lango la Mama Zuhura likafunguka.

Alikuwa amekuja na njia ya chini, kikapu kichwani, buibui amelikunja mpaka magotini, viatu mkononi, bintiye nyuma yake amejifunika gunia. Akasimama katikati ya uwanja wake. Akatazama ukuta wetu, akatazama mtaro, akamtazama Baba.

"Baba Wakesho! Wasimama mvuani kama mlingoti, wangoja nini?"

"Nakungoja wewe."

Akaitazama minyaa, haikuguswa hata tawi.

"Nyie watu wa milimani," akasema. "Nyumba yaanguka, nanyi mwapiga hodi!"

"Nionyeshe pa kupita, Mama Zuhura."

Akatua kikapu. Mtaro wa Baba ulikuwa umeelekea moja kwa moja kwake, ukipita ungepita kando ya mkunazi wake na kutoka korongoni. Yeye hakwenda huko. Alitembea upande, hatua nyingi, akakanyaga udongo kwa kisigino.

"Hapa. Pale kwa mkunazi hapana. Zungusha."

"Utapinda sana," Baba akasema. "Maji hayapendi kona."

"Yatapenda. Zungusha, baba."

Baba hakumwuliza kwa nini. Alianza kukata minyaa pale alipoonyeshwa, utomvu mweupe ukamrukia mikononi, naye hakujali. Mama Zuhura alichukua jembe lake, akateremka korongoni, akaanza kuchimba kutoka chini akipanda. Mama naye akaruka ua na sepetu. Walikutana katikati, wote watatu, wamejaa tope, hata hukujua nani ni nani ila kwa sauti. Udongo wa mwisho haukungoja kuchimbwa. Maji yaliusukuma yenyewe yakatoka kama ng'ombe waliofunguliwa zizini, yakafika kwenye kona ile, yakapanda kidogo, yakafikiri, yakapinda.

Kona ya chumba chetu ilianguka jioni hiyo, nje, hakuna aliyekuwa chini yake. Ukuta uliobaki ulisimama na paa likabaki juu. Nyanya alikaa kwa Mama Zuhura mpaka Baba alipojenga upya. Wakawa wanabishana kutwa kuhusu ugoro, mmoja akisema unanuka, mwingine akisema ndiyo kazi yake.

Ule mtaro ulibaki na kona yake. Kila vuli majani yalikwama hapo na Baba akaenda kuyatoa kwa mikono. Hata alipopata saruji ya kuujengea, aliujenga na kona. Watu walimshauri aunyooshe, na mimi nilikuwa mmoja wao, nimeshakuwa msichana mkubwa mwenye maneno. Nilijua hakika kwamba kona ile ni ukaidi wa Mama Zuhura na unyonge wa Baba, mambo mawili yaliyokutana kwenye ua wa minyaa.

Miaka mingi baadaye, nimeshaolewa, mimba yangu ya kwanza iliharibika. Mama Zuhura alikuja kunitazama. Alikuwa mzee sasa, ulimi umepungua makali. Alinikorogea uji, akakaa ukingoni mwa kitanda, akaongea habari za bei ya ndizi. Halafu, bila kubadilisha sauti, akasema, "Mimi wangu yuko pale, kwa mkunazi. Kabla ya Zuhura. Alikuja siku zake hazijafika, hakupata jina. Marehemu mume wangu alimzika kwa mkono wake. Hakuna jiwe." Akanifunika miguu. "Basi kunywa, uji wapoa."

Nilikunywa. Nilikuwa naiona ile kona.

Nilimwuliza Baba kama alijua. Nilitaka aseme ndiyo, nadhani, ili ile Jumamosi ipate maana niliyoizoea, ya mtu anayefanya jambo kwa sababu. Alikuwa akinoa panga kwenye jiwe.

"Sikujua," akasema. "Ningekuwa najua, ningengojea nini?"

Sisemi Baba alifanya vizuri. Nimefikiri sana na sijui. Tofali lile lingeweza kuangukia mtu. Mama Zuhura angeweza kukawia Mahoo siku moja zaidi, nami leo ningekuwa naandika kitu kingine, au siandiki. Mama alikuwa na haki yake kupiga kelele, na mpaka leo nikimsikia akisema "kata," mimi kwa moyo wangu nakata. Ila nimejua kwamba Baba hakuwa akiogopa ulimi wa mtu. Alikuwa ametazama uwanja uliofagiliwa, hakuona kitu, na hakuamini kwamba kwa kuwa yeye haoni basi hakuna.

Leo Kilonzo amefika kwenye uzio wangu wa chini, huko anakotaka kuanzia, maana yeye anajua kazi. Kiwanja cha chini ni cha mtu anayekaa Mombasa. Ni nyasi na seng'enge, hakuna hata kibanda. Nimempigia simu huyo mwenyewe tangu asubuhi, haipokelewi. Nimemtumia ujumbe.

"Mama, hapo hakuna mtu," Kilonzo akaniambia. "Nikate tu nianze. Ona Sagalla."

"Ngoja kwanza nimpate."

"Mvua haipokei simu, mama."

Nilicheka, lakini nilitazama Sagalla. Nimesogeza vitanda vya watoto kutoka ukutani, ingawa ukuta ni wa mawe. Mume wangu ameona, amenisaidia kushika upande mmoja.

Jioni tumekula kimanga, yaani muhogo uliopondwa pamoja na maharagwe, nimekipika mwenyewe, na chai ya rangi. Kilonzo amekula nasi, kwa kuwa ameshachelewa kwenda kwake. Simu nimeiweka kando ya sahani yangu, na wote tumekula tukiitazama.